Watoto wa 'The Brady Bunch' warejea nyumba wasiyowahi kuishi

Mwaka 2019, watu wazima sita waliovuka miaka 55 walitembezwa ndani ya nyumba moja jijini Los Angeles. Hapa chumba cha wavulana, pale cha wasichana, na zile ngazi zao za zamani. Kumbe hakuna hata mmoja wao aliyewahi kuishi humo.

Ndio waliokuwa watoto wa The Brady Bunch, kipindi cha vichekesho cha Marekani kilichoonyeshwa kuanzia 1969 hadi 1974: mwanamume mwenye wavulana watatu anaoa mama mwenye wasichana watatu. Kilipoanza, Susan Olsen alikuwa na miaka 8, Barry Williams 14. Vyumba vyao vilikuwa vya kuigizia tu, katika studio za Paramount; nyumba halisi ilionyeshwa kwa nje. Mwaka 2018 kituo cha HGTV kiliinunua kwa dola milioni 3.5, kikaijenga ndani ifanane na ya studio, na kuwaita wote sita washiriki.

Mzazi atauliza: na fedha? Wengi hudhani walitajirika, maana kipindi kimerudiwa miaka nenda miaka rudi. Lakini mikataba ya wakati ule ililipa marudio machache tu, basi. Maureen McCormick, aliyeigiza dada mkubwa, ameeleza waziwazi katika kitabu chake cha 2008 jinsi alivyozama kwenye kokeini baadaye.

Hata hivyo, yako mema wanayoyakumbuka, na mengi yanamhusu Robert Reed, baba yao wa kwenye luninga. Reed hakukipenda kipindi. Aligombana na mwanzilishi wake, Sherwood Schwartz, juu ya hadithi alizoziona za kipuuzi, hata sehemu ya mwisho akakataa kuigiza. Kwa watoto alikuwa mtu mwingine kabisa. Aliwasafirisha kwa meli hadi Uingereza kwa fedha zake mwenyewe, na akawapa kamera ndogo za filamu wachezee.

Alifariki mwaka 1992. Miaka mitatu baadaye, Olsen akiwa miongoni mwa watayarishaji, filamu hizo zilionyeshwa kwenye televisheni ya CBS, nao wakakaa kuzisimulia: picha walizopigana wao kwa wao, bila mwongozaji wa kuwaambia wasimame wapi.