Simu Imejaa? Ondoa Gemu Kwanza, Picha Ziache



Katika mafunzo ya makatibu wa vikundi vya kuweka na kukopa huwa tunawaomba washiriki wapige picha ukurasa wa daftari la hisa, ili kumbukumbu za kikundi ziwe mahali pawili. Mara nyingi hutokea mshiriki mmoja au wawili ambao simu zao hukataa. Kwenye kioo huja maneno kwamba nafasi ya kuhifadhi imejaa.

Kinachofuata ndicho kilichotufanya tuandike makala hii. Mwenye simu hufungua picha zake na kuanza kufuta haraka haraka ili mafunzo yaendelee. Inafutwa picha ya shamba la mwaka jana, picha ya mtoto siku ya ubatizo, wakati mwingine hata picha ya mzazi aliyekwisha kufariki. Na ndani ya simu hiyo hiyo zimo gemu nne au tano ambazo yeye mwenyewe hajawahi kuzicheza. Nyingine ziliwekwa na watoto, nyingine zilikuja na simu kutoka dukani.

Hivyo basi, kabla ya maelezo mengine tunaomba jambo moja likumbukwe: gemu ukiifuta unaweza kuipata tena siku yoyote. Picha isiyo na nakala ukiifuta moja kwa moja, imekwenda.

SIMU NI KAMA GHALA

Ghala la mahindi lina ukubwa wake. Ukijaza magunia ya pumba, mavuno mapya yatakosa pa kukaa. Simu nayo ina ghala lake, na ukubwa wake hupimwa kwa GB. Zipo simu za GB 16, GB 32, GB 64 na kuendelea. Ni vema ikaeleweka kuwa nafasi hiyo yote si ya mnunuzi. Mfumo unaoendesha simu hula sehemu kubwa, na kwa simu ndogo unaweza kuchukua hata nusu. Kinachobaki ndicho tunachogawana na picha, ujumbe, nyimbo na gemu.

GB 1 ni sawa na MB 1,000 hivi. Picha moja ya simu huwa na MB 2 hadi 5. Gemu ndogo ya kupanga rangi au ya ludo inaweza kuwa na MB 50 au 100. Lakini gemu kubwa ya mpira au ya vita, baada ya kupakua vifaa vyake vyote, inaweza kuzidi GB 1. Piga hesabu mwenyewe: kama picha moja ni MB 3, gemu moja ya GB 1 inakalia nafasi ya picha zaidi ya 300. Anayefuta picha kumi ili simu ifanye kazi ameokoa MB 30 tu, na kesho itajaa tena.

MADHARA YA SIMU ILIYOJAA

Simu huanza kusumbua pale nafasi iliyobaki inapokuwa chini ya asilimia 10. Dalili zake ni hizi:

(a) Simu inakuwa nzito na programu zinajifunga zenyewe.

(b) Kamera inakataa kupiga picha.

(c) Picha na sauti za WhatsApp hazifunguki hata kama bando lipo.

(d) Programu za benki na za fedha haziwezi kusasishwa, na simu inakosa marekebisho ya usalama.

(e) Ikijaa kabisa, hata ujumbe mfupi wa kawaida unaweza usiingie. Hubaki kwenye mtandao ukisubiri nafasi, na ukichelewa sana unaweza kupotea. Mkulima anayesubiri ujumbe wa malipo ya vitunguu saumu au ya ngano anaweza kudhani hajalipwa, kumbe ujumbe umekosa pa kukaa.

Sisi wa Hanang na Mbulu tuna sababu nyingine ya kulitazama jambo hili kwa uzito. Tarehe 3 Desemba 2023, baada ya mvua kubwa, tope, mawe na magogo yaliporomoka kutoka Mlima Hanang na kuingia katika mji wa Katesh na vijiji vya jirani kama Gendabi. Watu zaidi ya 80 walipoteza maisha na nyumba nyingi zilisombwa. Siku kama ile, simu ndiyo inayopokea taarifa za ndugu na tahadhari kutoka Mamlaka ya Hali ya Hewa. Aidha, nyumba ikisombwa, daftari na albamu ya karatasi huenda nayo. Kinachobaki ni kile kilichokuwa mfukoni. Simu yenye nafasi ni sehemu ya kujiandaa na maafa, kama ilivyo kuwa na tochi na kujua njia ya kukimbilia.

HATUA ZA KUONDOA GEMU

Simu nyingi zinazotumika katika wilaya zetu, ziwe Tecno, Itel, Infinix au Samsung, zinatumia mfumo wa Android. Maneno yanaweza kutofautiana kidogo kati ya simu na simu, lakini njia ni moja. Jambo la kufurahisha ni kwamba kuondoa gemu hakuhitaji bando wala mtandao. Unaweza kufanya kazi hii hata shambani.

1. Fungua Mipangilio, yaani alama yenye umbo la gurudumu lenye meno. Ingia sehemu ya Hifadhi. Hapo utaona nafasi iliyotumika na iliyobaki. Iandike pembeni ili mwishoni ujue umeokoa kiasi gani.

2. Rudi kwenye Mipangilio na uingie sehemu ya Programu. Simu nyingi hukuruhusu kuzipanga kwa ukubwa, na hii ndiyo njia bora, kwani gemu kubwa zitakaa juu.

3. Gusa jina la gemu usiyoihitaji. Soma inachukua MB ngapi.

4. Gusa neno Ondoa au Sanidua. Ikiwa simu yako iko katika Kiingereza, neno hilo ni Uninstall. Simu itakuuliza kama una uhakika. Kubali.

5. Rudia kwa gemu nyingine. Ukimaliza, zima simu na kuiwasha, kisha rudi sehemu ya Hifadhi na ulinganishe na hesabu uliyoandika mwanzoni.

MAKOSA YANAYOJITOKEZA MARA KWA MARA

Kosa la kwanza ni kuondoa alama tu. Kwenye simu nyingi ukishikilia alama ya gemu na kuiburuta mpaka mahali pa kuiondoa, inaweza kutoweka kwenye kioo cha mbele huku gemu yenyewe ikiwa bado imo ndani. Ndiyo maana tunashauri kupita kwenye Mipangilio.

Kosa la pili ni kudhani kwamba kuifunga gemu ni kuiondoa. Kuifunga kunapunguza kazi ya simu kwa wakati ule, lakini ghalani hakuna kilichopungua.

Kosa la tatu linawahusu sana vijana wanaorushiana gemu kutoka simu hadi simu kwa Xender au Bluetooth bila kutumia bando. Gemu ya namna hii huja kama faili, nalo faili hilo hubaki hata baada ya gemu yenyewe kuondolewa. Fungua programu ya mafaili, tazama folda ya vilivyopakuliwa na folda ya Xender, kisha ufute mafaili ya gemu yaliyobaki. Tukumbuke pia kwamba gemu iliyopita mikono mingi haikukaguliwa na mtu. Nyingine hubeba virusi au matangazo yasiyokoma.

Kosa la nne ni kuchanganya "Futa akiba" na "Futa data". Kufuta akiba huondoa mabaki ya muda ambayo programu inaweza kuyatengeneza upya, na hakuna hasara. Kufuta data huirudisha programu kama siku ya kwanza na kupoteza yaliyomo. Usiguse "Futa data" kwenye WhatsApp wala kwenye programu nyingine unayoitegemea.

GEMU ZILIZOKUJA NA SIMU

Baadhi ya gemu ziliwekwa kiwandani, na ukizifungua huoni neno Ondoa. Utaona neno Zima. Lichague. Gemu itaacha kufanya kazi na kutumia bando kwa siri, na nafasi kidogo itapatikana, ingawa haitatoka yote. Angalizo: zima kile unachokijua kuwa ni gemu tu. Usizime programu usiyoielewa jina lake, kwani inaweza kuwa sehemu ya mfumo wa simu.

PROGRAMU ZA KUBETI

Hapa ni lazima tuseme wazi. Programu ya kubeti si kama gemu nyingine. Ukiiondoa kwenye simu, akaunti yako bado iko wazi na fedha iliyomo bado iko huko. Anayeamua kuacha atoe kwanza salio lake, aombe akaunti ifungwe, ndipo aiondoe programu. Sheria ya Tanzania hairuhusu mtu mwenye umri chini ya miaka 18 kucheza michezo ya kubahatisha. Mzazi akiikuta kwenye simu ambayo mtoto anaitumia, asiishie kuifuta. Akae na mtoto na kuzungumza naye.

Vilevile zipo gemu zinazokata fedha kila mwezi kwa wale waliojiunga kulipia. Kuiondoa gemu hakusimamishi makato hayo. Ni lazima kwanza kujiondoa kwenye malipo.

WATOTO WASHIRIKISHWE

Gemu si dhambi. Mtoto aliyemaliza kuchunga na kufanya kazi za shule anaweza kucheza kidogo na hakuna ubaya. Tatizo ni pale simu moja inapokuwa ofisi ya kikundi, benki ya familia na uwanja wa michezo kwa wakati mmoja. Kabla ya kufuta, waite watoto. Waulize ni gemu ipi moja wanayoipenda kuliko nyingine, ibaki hiyo, zitoke zilizobaki. Wajue pia kwamba gemu isiyounganishwa na akaunti, ikiondolewa, hatua walizofikia hupotea. Ukifuta usiku kwa siri, asubuhi wataomba hotspoti kwa jirani na gemu zote zitarudi, pengine zikiwa nyingi zaidi.

BAADA YA HAPO

Kama nafasi bado haitoshi, fuata video za WhatsApp zilizotumwa na kurudiwa katika magrupu. Hizo ndizo pumba za pili kwa wingi. Picha ziwe za mwisho kabisa, na kabla ya kuzigusa zihamishie kwenye kadi ya kumbukumbu, kompyuta ya ofisi au simu ya ndugu. Na kama ulishafuta picha kwa bahati mbaya, usikate tamaa mara moja. Kwenye simu nyingi picha iliyofutwa hukaa katika pipa la taka kwa siku 30 hivi kabla ya kutoweka, na unaweza kuirudisha. Jambo hilo hilo lina upande wa pili: picha iliyo kwenye pipa bado inakalia nafasi, hivyo anayefuta picha bila kumwaga pipa hajaokoa kitu.

Tunawashauri makatibu na wahazini wote wa vikundi watenge nusu saa kabla ya mkutano ujao, wakague simu zao kwa hatua hizi, na wahakikishe angalau asilimia 10 ya ghala iko wazi. Kwa simu ya GB 32 hiyo ni zaidi ya GB 3. Kisha mfundishe na mwenzako, hasa wazee wetu ambao wamepewa simu na watoto walioko mjini na wanaogopa kuzigusa. Keti naye, mwonyeshe, na umwache aguse neno Ondoa kwa kidole chake mwenyewe.