Chumba Kinachosomwa kwa Ulimi

Mchana kutwa amejikunja kama ngata, kichwa kakificha katikati. Mwenye kumfuga humtazama, akaamua kwamba huyu hana haja ya chochote zaidi ya maji, joto na panya mmoja mara moja moja. Kwa hoja hiyo chatu wengi wanamaliza umri wao ndani ya droo ya plastiki iliyotandikwa gazeti, na kila nikiwaona nasikitika.

Ninayemzungumzia ni Python regius, chatu mdogo wa Afrika Magharibi na Kati, anayefugwa sana Ulaya na Marekani. Porini, mchana hulala ndani ya shimo la panya au kichuguu, usiku akatoka. Luca Luiselli na Francesco Angelici waliwachunguza kusini-mashariki mwa Nigeria, na katika utafiti waliouchapisha 1998 walionyesha kwamba madume hula ndege zaidi kuliko majike. Ndege hafuatwi shimoni. Huyu anayeitwa mvivu hupanda miti.

Sasa tuingie kizimbani. Watu hununua maua ya plastiki yenye rangi za kupendeza, lakini rangi hizo zinamfurahisha mnunuzi. Chatu huijua dunia kwa ulimi: panda zake hukusanya chembe za harufu na kuzipeleka kwenye kiungo cha Jacobson, juu ya kaakaa. Vitundu vya mdomoni humpa habari za joto. Ua la plastiki likishanuswa mara moja, halina jipya tena.

Basi mletee harufu. Konzi mbili za majani makavu kutoka mahali pasiponyunyiziwa dawa, gome la mti, tawi nene lililooshwa na kukazwa imara lisije likamwangukia. Mbao za mwerezi ziepuke kabisa, mafuta yake yana madhara kwake. Siku ya chakula, mburute panya uliyemyeyusha barafu juu ya tawi na kuzunguka gogo, umwache mwisho wa njia. Utamwona chatu akiifuata njia hiyo taratibu, ulimi ukitoka na kurudi, akisimama kila panapokolea harufu. Hapo ndipo wafugaji wengi humwona nyoka wao kwa mara ya kwanza, japo wameishi naye miaka.

Badilisha kitu kimoja tu kwa wakati. Maficho yake mawili, la upande wa joto la nyuzi 31 au 32 na la upande wa nyuzi 25 hivi, yasiguswe, kwa maana chatu aliyevurugwa anaweza kususa chakula kwa miezi. Macho yakiwa na ukungu kabla ya kujivua gamba, mwache. Siku mbili baada ya kula pia, mwache.

Akisugua pua kwenye kioo usiku baada ya usiku, usidhani anacheza. Anatafuta pa kutokea. Kagua joto na maficho kwanza, ndipo ufikirie tawi jipya.