Kamera inayokaa pamoja na wanaosahauliwa

Sisi wa mashariki tumeona wapiga picha wengi. Wanafika, wanachukua picha za machozi siku mbili, wanarudi kwao. Lakini kuna watengenezaji wa filimu wanaofanya kwa namna nyingine: wanafuata watu wale wale kwa muda mrefu, na kuacha maisha yao yenyewe yaseme.

Dieudo Hamadi, mzaliwa wa Kisangani, ni mmoja wao. Mara nyingi anashika kamera yeye mwenyewe, bila kundi kubwa la wafanyakazi. Ndiyo maana watu hawajipangi mbele yake. Wanaendelea kuishi, naye anakuwa karibu.

Katika filimu yake ya 2020, En route pour le milliard, aliwafuata wahanga wa Vita ya Siku Sita. Mwezi wa 6 mwaka wa 2000, majeshi ya Rwanda na Uganda yalipigana ndani ya Kisangani. Mamia ya raia walikufa, wengine wakabaki bila miguu au mikono. Miaka mingi baadaye, baadhi yao walipanda mashua, wakashuka mto Congo mpaka Kinshasa kudai malipo yao. Tunawaona wakilowa na mvua chini ya hema, na magongo yao kando. Tunawaona pia wakibishana, wakicheka na kuimba. Si watu wa kuhurumiwa tu. Ni watu wanaojua haki yao. Mwaka wa 2022, Mahakama ya Kimataifa ya Haki iliamua Uganda ilipe Congo dola milioni 325 kwa ajili ya vita vyake katika inchi yetu.

Filimu nyingine, Maman Colonelle ya 2017, inagusa makanisa moja kwa moja. Inamfuata Honorine Munyole, afisa wa polisi aliyehamishwa kutoka Bukavu kwenda Kisangani kulinda wanawake na watoto. Huko anakuta watoto walioitwa wachawi, wakiteswa kwa jina la maombi. Kule Berlin, filimu hiyo ilipewa zawadi na baraza la waamuzi wa makanisa, Waprotestanti na Wakatoliki pamoja.

Zawadi hiyo ni heshima, lakini pia inatuuliza swali. Sheria ya ulinzi wa mtoto ya mwaka wa 2009 inaadhibu mtu anayemshitaki mtoto uchawi. Je, katika vyumba vyetu vya maombi, mtoto wa namna hiyo anapata kimbilio, au anafungiwa na kunyimwa chakula?

Katika mfano wa Msamaria, kuhani na Mlawi pia walimwona aliyejeruhiwa. Waliona, wakapita. Tofauti ilikuwa kusimama. Basi wachungaji, mashemasi na wamama wa kanisa, tuanze na hili: mtoto akiletwa kwetu kama mchawi, tukae naye kwanza na kumsikiliza yeye mwenyewe, kisha tumpeleke kwa wanaolinda watoto.