Dawa, Sumu na Kilichosalia: Istilahi za Kiswahili katika Misimbo ya Madhara ya Baadaye ya Viuatilifu, kwa Mfano wa Kisiwani, Same

Kisiwani ni kata ya Wilaya ya Same, Mkoa wa Kilimanjaro, katika tambarare zilizo baina ya Milima ya Upare Kusini na Hifadhi ya Taifa ya Mkomazi. Licha ya jina lake, bahari iko mbali. Wakazi wake huzungumza Chasu na Kiswahili, na wengi wao huishi kwa kilimo na ufugaji. Katika mazingira kama hayo neno dawa hubeba mzigo mkubwa. Mtu humeza dawa ya malaria, hupiga dawa shambani, huogesha ng’ombe kwa dawa ya kupe na kutega dawa ya panya ghalani. Makala haya yanajadili kinachotokea neno hilo linapofikishwa kwenye misimbo ya magonjwa, hasa pale ambapo tukio lenyewe limekwisha kupita na mwili umebaki na dosari.

Toleo la kumi la Ainisho la Kimataifa la Magonjwa, yaani ICD-10, limepiga mstari katikati ya dawa. Misimbo T36 hadi T50 ni ya sumu itokanayo na dawa za tiba. T51 hadi T65 ni ya vitu ambavyo kwa kawaida si vya tiba, na humo T60 imetengewa viuatilifu. Kauli “alikunywa dawa” haisemi ni upande upi wa mstari. Istilahi rasmi kiuatilifu, ambayo imo hata katika jina la Mamlaka ya Afya ya Mimea na Viuatilifu Tanzania, inaondoa utata huo kwa kiasi fulani tu. Muundo wake wa kiua- unapatikana pia katika kiuavijasumu, ambacho ni dawa ya tiba ya kundi la T36. Zaidi ya hayo, mgonjwa hasemi “kiuatilifu”. Anasema dawa, na huyo ndiye shahidi wa kwanza.

Utata unaongezeka muda unapopita. Chukua mfano wa kufikirika wa mkulima aliyepatwa na sumu ya oganofosfeti akipiga dawa kwa bomba la mgongoni, akatibiwa, kisha miaka miwili baadaye akafika zahanati akiwa na ganzi na udhaifu wa miguu. Hastahili T60, kwa sababu sumu yenyewe haipo tena. Kinachotangulia ni hali ya leo, yaani ugonjwa wa neva uliosababishwa na sumu (G62.2), kisha huongezwa T97, msimbo wa yale yaliyosalia baada ya sumu isiyo ya tiba. Kama chanzo kingekuwa dawa ya hospitali, msimbo ungekuwa T96. ICD-10 huhesabu kuwa masalio ya namna hii hali iliyotajwa hivyo waziwazi, au iliyopo mwaka mmoja au zaidi baada ya tukio.

T97 ina kasoro yake. Inakusanya kila kitu cha T51 hadi T65: viuatilifu, pombe, hewa ya ukaa, hata sumu ya nyoka. Mkulima wetu wa mfano na jirani aliyebaki na kilema baada ya kuumwa na nyoka wanaangukia kapu moja. Toleo la Marekani la ainisho hilo limechukua njia nyingine: msimbo wa kemikali unabaki vilevile na kuongezewa herufi S mwishoni, mithili ya kitenzi kinachohifadhi mzizi na kupokea kiambishi. Kisarufi na kitakwimu, njia hiyo ni bora.

Je, Kiswahili kiyaiteje madhara hayo? “Athari za muda mrefu” ndilo jina lililozoeleka, lakini halieleweki vyema: muda mrefu ni wa athari, au wa kukaa karibu na sumu? Mtu anaweza kuathirika maisha yake yote kwa tukio la saa moja. “Sumu sugu” ni mbaya zaidi, kwani sugu huashiria ugonjwa usiokwisha na pia vimelea visivyosikia dawa. “Madhara yaliyochelewa” yana mahali pake kwingine: ugonjwa wa neva wa oganofosfeti huweza kujitokeza takriban wiki moja hadi tatu baada ya tukio, nao bado ni sehemu ya kisa kilekile. “Masalia” lingefaa sana, ila limekwisha kuchukuliwa na masalia ya viuatilifu katika vyakula. Kinachobaki ni kirai “madhara yaliyosalia mwilini”. Ni kirefu, lakini kila kiambishi chake kinafanya kazi: -li- inaweka tukio nyuma, na -salia inaleta matokeo leo.

Kazi hiyo haifanywi na -me-. “Amedhuriwa na dawa” ni kauli sahihi siku ya pili na pia mwaka wa tatu, kwa kuwa hali timilifu huonyesha matokeo yaliyopo bila kutaja tarehe. Tarehe hutolewa kwa njia nyingine: “tangu masika ya mwaka juzi”, “vuli ile ya ukame”. Mhudumu anayeandika kwa Kiingereza akiyafupisha maneno hayo kuwa “poisoning” peke yake, mwaka unaohitajika na msimbo umekwisha kutupwa.

Hasara yake si ya takwimu pekee. Sheria ya Fidia kwa Wafanyakazi ya mwaka 2008 inamlinda mwajiriwa, na ili adai lazima ugonjwa wa leo uunganishwe na kazi ya jana. Kibarua wa shamba kubwa anaweza kuhitaji uhusiano huo uwe umeandikwa. Mkulima mdogo anayepiga dawa shambani kwake mwenyewe hana mwajiri wa kumdai. Kwake, faili la zahanati huenda likawa kumbukumbu pekee ya maandishi. Kwa hiyo maswali mawili yanastahili kuandikwa pamoja na majibu yake kwa Kiswahili kilekile cha mgonjwa, kabla ya tafsiri yoyote: “Ilikuwa dawa ya nini?” na “Ilikuwa msimu gani?”