Rekodi za Kikundi Zikigongana Kwenye Simu, Tuamini Ipi?

Siku hizi vikundi vingi vya kuweka na kukopa havitegemei tena kitabu kimoja cha hesabu. Katibu ana rekodi kwenye simu yake, mweka hazina anazo kwenye yake, na nakala nyingine iko kwenye ile kompyuta kubwa ya wenye programu, inayoitwa seva. Hilo ni jambo jema. Simu ikitumbukia mtoni, au kitabu kikiliwa na mchwa, hesabu haipotei. Tena mtu anaweza kuandika hata mahali ambapo hakuna mtandao, halafu simu zikiupata zinapashana habari mpaka zote ziwe sawa.

Shida inakuja pale watu wawili wanapobadilisha rekodi moja kabla simu zao hazijapashana habari. Hebu tuchukue mfano. Mwanachama nambari 14 ana deni la shilingi 3,200. Saa nne asubuhi anamlipa mweka hazina 500 pale sokoni, naye anabadilisha deni liwe 2,700. Saa nane mchana katibu, akiwa kwake ng'ambo ya mlima, anamwongezea faini ya 200 kwa kukosa mkutano. Simu ya katibu bado ina lile deni la zamani, kwa hivyo inaandika 3,400. Jioni simu zote mbili zinapata mtandao. Deni ni ngapi? Sisi tunajua ni 2,900. Lakini simu moja inasema 2,700, nyingine inasema 3,400, na hakuna hata moja iliyo sahihi.

Programu ikichukua ile ya 3,400, malipo ya mama huyu yamepotea. Ikichukua ya 2,700, kikundi kimepoteza faini. Na hakuna aliyeiba! Lakini nendeni mkaeleze hivyo mkutanoni, mama amesimama anaapa kwamba alilipa, na mweka hazina anafungua simu mbele ya watu wote na malipo hayaonekani.

Saa ya simu haitoshi

Wengi watasema, si tuangalie tu nani aliandika mwisho? Kwanza, saa za simu hazilingani. Kuna simu ambayo betri ikiisha kabisa inarudi kwenye tarehe ya miaka iliyopita. Lakini shida kubwa ni kwamba kuandika mwisho si sawa na kuandika ukijua. Katibu aliandika baada ya mweka hazina, ndiyo, lakini hakuwa na habari ya yale malipo. Kwa hivyo hakuyasahihisha. Aliandika kando tu.

Mmarekani Leslie Lamport alieleza mwaka 1978 jinsi kompyuta zilizo mbalimbali zinavyoweza kupanga matukio bila kutegemea saa ya ukutani. Mwaka 1983 wataalamu wa Chuo Kikuu cha California kule Los Angeles wakatoa njia ya kutambua nakala zilizogongana, na njia yenyewe hata mtoto wa darasa la nne anaiweza. Kila rekodi hubeba hesabu ndogo: simu ya katibu imeibadilisha mara ngapi, na simu ya mweka hazina mara ngapi. Tuseme rekodi ya nambari 14 ilikuwa na katibu 3, hazina 5. Mweka hazina akiandika malipo, yake inakuwa katibu 3, hazina 6. Katibu akiandika faini, yake inakuwa katibu 4, hazina 5.

Sasa zilinganishe. Katibu amezidi upande mmoja, mweka hazina amezidi upande mwingine. Maanake kila mmoja ana jambo ambalo mwenzake hakuliona. Huo ndio mgongano. Kama katibu angekuwa amepokea habari ya malipo kabla ya kuandika faini, yake ingesoma katibu 4, hazina 6. Hiyo imezidi ile ya mweka hazina bila kupungua popote, kwa hivyo ndiyo inayoshika na hakuna ubishi. Hesabu hii haisemi nani ana haki. Inasema tu kwamba watu wawili wameandika bila kujuana, na hata hilo ni msaada mkubwa.

Nani ataamua?

Programu nyingine huchukua la mwisho kwa saa na kulifuta lingine kimyakimya. Cassandra, programu ya kutunza data inayotumiwa na makampuni makubwa, hufanya hivyo. Kwa nambari ya simu ya mwanachama pengine si neno. Kwa pesa, mimi naona ni hatari.

CouchDB inatumia njia nyingine. Nakala mbili zikigongana, huchagua moja kwa kanuni, na kompyuta zote zitachagua hiyo hiyo: ile iliyobadilishwa mara nyingi zaidi hushinda, na zikiwa sawa hulinganishwa alama zao. Ile iliyoshindwa haitupwi. Inawekwa kando mpaka mtu aiulizie. Hapa tuwe makini, maana mshindi huyo si lazima awe na ukweli. Ni kama kupiga kura ya sarafu ili kazi iendelee. Asipopatikana mtu wa kufungua ile iliyowekwa kando, yale malipo ya 500 yamelala humo na hakuna anayeyaona.

CouchDB haiko mbali nasi. Mfumo wa simu wanaotumia wahudumu wa afya ya jamii hapa Kenya, uliozinduliwa nchi nzima mwaka 2023, umejengwa juu ya programu zinazoitumia. Mhudumu anaweza kuandika nyumba kwa nyumba bila mtandao. Na angalieni wanavyoandika: kila ziara ni ripoti mpya. Hawafuti ya jana ili waandike ya leo. Ripoti mbili mpya haziwezi kugombana, zinakaa pamoja tu.

Vikundi vyetu vinaweza kuiga hapo. Msiandike deni jipya, andikeni kilichotokea. "Nambari 14 amelipa 500." "Nambari 14, faini 200." Simu zikikutana kila moja inachukua lile ambalo haikuwa nalo, halafu zinapiga hesabu: 3,200 toa 500 ongeza 200. Ni 2,900 pande zote, hata kama faini ilifika kabla ya malipo. Mwaka 2011 Marc Shapiro na wenzake walieleza kitaalamu ni rekodi za namna gani zinazoweza kuunganishwa hivi bila kugongana kamwe. Kitabu cha hesabu kilichoandikwa vizuri kwa wino kilikuwa hivyo siku zote.

Lakini mambo mawili yanaweza kuwaponyoka. La kwanza, malipo yale yale yakiandikwa na katibu na pia na mweka hazina yatahesabiwa mara mbili. Kwa hivyo kila malipo yawe na nambari yake. Aliyelipa kwa M-Pesa, tumieni ile alama iliyo kwenye ujumbe, maana hairudiwi. Aliyelipa taslimu, nambari ya risiti. Programu ikiona nambari moja mara mbili, inajua ni malipo mamoja.

La pili ni kufuta. Mwaka 2007 wataalamu wa Amazon, duka kubwa la mtandaoni la Marekani, walieleza walivyounganisha nakala za kapu la mnunuzi ili asipoteze alichoweka ndani. Lakini wakati mwingine kitu alichokitoa kilirudi kapuni, kwa sababu nakala moja haikujua kimetolewa. Kwetu ni yule mwanachama aliyejitoa, ambaye jina lake linaibuka tena siku ya kugawa faida. Msifute jina. Andikeni "ametoka", na tarehe.

Kuna mgongano mwingine ambao hakuna programu itakayoutatua baadaye. Sanduku lina 10,000. Katibu anamkopesha mtu 8,000 huku, mweka hazina anamkopesha mwingine 8,000 kule. Rekodi zitaungana bila neno, kisha hesabu itasema sanduku lina upungufu wa 6,000, na wote wawili wameshaahidiwa pesa. Hapo lazima kikundi kikubaliane mapema. Ama mtu mmoja tu ndiye anayetoa mkopo, ama kila ofisa awe na kiwango chake, tuseme 5,000. Katibu akifikisha 5,000 simu yake ikatae, hata kama sandukuni bado zimo nyingine, mpaka aongee na mweka hazina amwachie sehemu yake.