Panya Akisimama, Mtu Ana TB?

Wenzetu wengi hesabu za uwezekano wenye sharti wanaziona kama adhabu. Mfuko una mipira mitatu myekundu na miwili myeupe, umetoa mmoja bila kuangalia... Jamani, nani anatembea mjini na mfuko wa mipira? Swali zuri la mada hii tunalo hapa hapa SUA, lina mkia mrefu na linapenda ndizi.

Nazungumzia panya buku wa APOPO, shirika lililoanzishwa na Mbelgiji Bart Weetjens na kuhamia kwetu Morogoro mwaka 2000. Wanaojulikana zaidi duniani ni wale wanaonusa mabomu ya ardhini. Magawa, aliyepewa medali ya dhahabu ya PDSA ya Uingereza mwaka 2020 kwa kazi yake Kambodia, alizaliwa hapa (kwa hiyo ni mhitimu mwenzetu, bishaneni mtakavyo). Lakini wapo wengine wanaonusa makohozi kutafuta kifua kikuu. Panya mmoja anapitia sampuli 100 kwa dakika kama 20, kazi ambayo mtaalamu wa maabara mwenye hadubini angeifanya kwa siku kadhaa. Akiipata harufu ya TB, anasimamisha pua juu ya tundu kwa sekunde chache. Asipoipata, anapita.

Sasa swali: panya amesimama juu ya sampuli ya mtu fulani. Je, huyo mtu ana TB?

Ukisema kwamba panya huyu anakamata wagonjwa 80 katika kila 100, wengi watajibu haraka kuwa uwezekano ni asilimia 80. Mtego uko hapo. Ile 80 ni uwezekano wa panya kusimama, ikiwa mtu anaumwa. Mwenye makohozi yake haulizi hilo. Yeye anauliza uwezekano wa kuumwa, ikiwa panya amesimama. Maneno ni yaleyale ila sharti limehama upande, na jibu linahama nalo.

Fomula tuiache kwanza, tuhesabu watu. Namba nazitunga kwa ajili ya hesabu tu, si takwimu za APOPO. Tuseme vituo vya afya vimeleta sampuli 1,000 za watu waliokohoa muda mrefu, na 100 kati yao wana TB. Panya anasimama kwa 80. Wanabaki 900 wasio na TB, na kwa hao tuseme anakosea kwa 10 katika kila 100, yaani anasimama kwa watu 90. Jumla amesimama mara 170, na wagonjwa wa kweli ni 80. Gawanya 80 kwa 170, unapata 0.47. Haifiki hata nusu!

Mchukue sasa panya yuleyule, na pua yake ileile, umletee sampuli za kijiji kizima kutoka kule juu Mgeta, wanaokohoa na wasiokohoa. Tuseme wagonjwa ni 10 tu katika watu 1,000. Atasimama kwa wagonjwa 8 na wazima 99. 8 kwa 107 ni kama 0.07. Panya hajawa mjinga njiani. Waliobadilika ni watu waliopimwa.

Kwa wanaotaka kuiandika kwenye mtihani, T iwe kuwa na TB na S iwe panya kusimama:

P(T|S) = P(S|T) × P(T) ÷ P(S)

Ni kanuni ya Thomas Bayes, mchungaji wa Uingereza, iliyochapishwa mwaka 1763 akiwa ameshafariki. Alama nyingi zinapotea kwenye P(S). Hiyo ina vipande viwili, wagonjwa aliosimama kwao na wazima aliosimama kwao. Ukisahau wazima, jibu lako litakuwa 1 na utashangaa mbona kila mtu anaumwa.

Ndiyo maana panya hamalizi kazi peke yake. Sampuli aliyoionyesha inapimwa tena maabara. Kwa hesabu, kipimo cha pili hakianzi na ile 0.10 ya mwanzo, kinaanza na 0.47. Tuseme maabara inathibitisha 60 kati ya wale wagonjwa 80, na inamwonea mzima mmoja tu kati ya wale 90. Sasa ni 60 kwa 61, yaani 0.98. Hapo dawa zianze.

Nayasema haya kwa sababu nimeona mtu akitengewa kikombe bwenini baada tu ya kuambiwa arudi kupimwa tena. Katika mfano wetu, zaidi ya nusu ya walioonyeshwa na panya walikuwa wazima.

Na wale ambao panya aliwapita? Ni 830, na 20 kati yao wanaumwa, karibu asilimia 2.4. Ni ndogo, ila si sifuri. Kwa hiyo rafiki yako aliyeambiwa hana kitu, na wiki mbili zimepita bado anakohoa, msindikize tena kituoni.