Je, Liko Shimo Linaloweza Kuchelewesha Wakati?

Hadithi za kubuni husimulia juu ya nyufa za ardhini ambamo wakati huenda polepole: mtu huingia asubuhi, hutoka baada ya nusu saa, naye hukuta wenziwe wamekwisha kuzeeka. Mwanafunzi wa Kibaha au Kisarawe asomaye hadithi ya namna hiyo ana haki ya kuuliza kama jambo hilo laweza kutokea katika ardhi anayoikanyaga. Jibu la fizikia si "hapana" tupu.

Tuanze na ardhi yenyewe. Miamba ya sehemu hizo ni ya mashapo, yaani mchanga na udongo uliotandazwa na maji tabaka juu ya tabaka. Udongo mweupe wa kaolini unaochimbwa Pugu ni ushahidi ulio wazi. Matundu ya volkano hayapo; ya karibu zaidi kwa tabia ni chemchemi za maji moto za Luhoi, huko Rufiji. Anayetaka kuona volkano iliyo hai hana budi kusafiri hadi Ol Doinyo Lengai.

Sasa wakati. Mwaka 1915 Albert Einstein alionyesha kwamba mvutano wa dunia hupunguza mwendo wa wakati: saa iliyo chini huenda polepole kuliko iliyo juu. Mwaka 2020 wanasayansi wa Japani walitangaza matokeo ya kulinganisha saa mbili za atomi katika mnara wa Tokyo, moja ikiwa mita 450 juu ya nyingine. Ile ya juu ilitangulia kwa sekunde bilioni-moja nne hivi kila siku, yaani sehemu nne za sekunde iliyogawanywa mara bilioni. Saa za setilaiti zinazotuonyesha mahali tulipo hutangulia za ardhini kwa sekunde milioni-moja 38 kila siku. Zisingerekebishwa, kosa la mahali lingezidi kilometa kumi kwa siku moja tu.

Tupige hesabu ya nyumbani. Kila mita ya kimo huongeza mwendo wa saa kwa sehemu 1.1 katika milioni milioni kumi elfu (1.1 × 10⁻¹⁶). Mkazi wa mlima wa Pugu ulio mita 200 juu ya bandari ya Dar es Salaam humtangulia mkazi wa bandarini kwa sehemu saba za sekunde iliyogawanywa mara milioni kumi, kwa mwaka mzima. Wakiishi miaka 70, tofauti yao haifiki hata sehemu moja ya elfu kumi ya sekunde. Hata kiini cha dunia, kwa umri wake wote wa miaka bilioni nne na nusu, ni kijana kuliko uso wake kwa miaka miwili na nusu hivi. Basi shimo gani la Kisarawe litamzeesha mtu?

Hapa mwalimu aangalie mtego mmoja. Saa ya pendulamu ikipandishwa mlimani huchelewa, kwa sababu mvutano hupungua na pendulamu hubembea taratibu. Kwa mita 200 huchelewa kama sekunde mbili kwa siku. Mwaka 1672 Jean Richer aliichukua saa yake kutoka Paris hadi Cayenne, karibu na ikweta, akaikuta inachelewa dakika mbili na nusu kila siku. Lakini hilo ni kosa la chombo, si la wakati. Wakati wenyewe mlimani huenda upesi zaidi. Wanafunzi wengi huchanganya mambo haya mawili, na si wanafunzi peke yao.

Hata hivyo, yako mashimo yanayompotezea mtu wakati kweli. Karibu na Goma, mashariki ya Kongo, hewa ya kaboni dioksaidi hutoka ardhini na kujikusanya mabondeni. Wenyeji huiita mazuku. Hewa hiyo ni nzito mara moja na nusu kuliko hewa ya kawaida, haina rangi, na ikifikia sehemu kumi katika mia humwangusha mtu bila fahamu kwa dakika chache. Huko Kyejo, wilayani Rungwe, hewa kama hiyo hukusanywa kwa matumizi ya viwanda.

Kibaha na Kisarawe hawana mazuku, lakini wana visima. Katika kisima kirefu au shimo lililoachwa, mizizi na majani yanayooza hula oksijeni na kutoa kaboni dioksaidi, nayo hutuama chini. Anayeteremka husikia kichwa kizito, huona dakika zinakwenda ovyo, kisha huanguka. Na mara nyingi anayemfuata kumwokoa huanguka juu yake. Kuteremsha taa kwanza ni desturi nzuri: ikizimika, asishuke mtu. Lakini taa kuendelea kuwaka si dhamana, kwa kuwa hewa inaweza kudhuru kabla ya mwali kufa. Kamba iliyofungwa mwilini, na watu wawili juu wanaoweza kumvuta bila kuingia, hufaa zaidi ya taa.